Namna ya kuwa daktari na mtafiti wa buibui ukiishi Mwanza

Mwongozo huu umeandikwa kwa ajili ya daktari kijana, tabibu wa zahanati au mwanafunzi wa udaktari aliyeko Mwanza na vitongoji vyake, ambaye anavutiwa na buibui kuliko watu wengi na anajiuliza kama kazi ya hospitali itamwachia nafasi ya kuwachunguza kwa utaratibu wa kisayansi. Nafasi ipo, na waliotangulia wameithibitisha. Ludwig Koch, aliyeishi kati ya 1825 na 1908, alikuwa akitibu wagonjwa mjini Nürnberg, Ujerumani, huku akiandika kazi kubwa kuhusu buibui wa Australia ambayo ilianza kuchapishwa mwaka 1871, tena akitegemea vielelezo vilivyoletewa Ulaya kwa meli. A. Randell Jackson alikuwa daktari wa kawaida katika mji wa Chester, Uingereza, katika nusu ya kwanza ya karne ya 20, na akawa bingwa anayeheshimika wa buibui wadogo kabisa, wale wenye urefu wa milimita mbili au tatu ambao wengi huwapita bila kuwaona. Koch alilazimika kungoja shehena ivuke bahari. Wewe una buibui ukutani, chini ya mawe ya Capri Point na kwenye matete ya Luchelele.

Anzia kwenye chumba cha kuwaonea wagonjwa

Kosa la wanaoanza ni kudhani kwamba utafiti huu unafanyika porini tu. Buibui ni sehemu ya kundi pana la araknida, wanyama wadogo wenye miguu minane, ambamo wamo pia nge, kupe, papasi na utitiri. Baadhi ya hao huja kliniki kila wiki wakiwa juu ya mgonjwa, au alama zao zikiwa juu yake, na hapo ndipo daktari anapomzidi mtaalamu wa wanyama anayekaa makumbusho.

Chukua upele. Mwaka 1687 daktari wa Kiitalia, Giovanni Cosimo Bonomo, akishirikiana na mtengeneza dawa Diacinto Cestoni katika mji wa Livorno, aliandika barua kwa daktari mwenzake Francesco Redi akieleza kwamba upele unasababishwa na mnyama mdogo anayechimba ndani ya ngozi. Kilichomfungua macho ni kuwaona wanawake maskini wakiwachokoa watoto wao kwa ncha ya sindano na kutoa kitu cheupe kinachotembea. Akakiweka chini ya hadubini, akakichora. Fanya hivyohivyo. Mtoto anapoletwa akijikuna usiku kucha, tafuta kijistari chembamba kilichopinda katikati ya vidole au kwenye kifundo cha mkono, weka tone la mafuta mepesi, kwangua taratibu kwa wembe wa upasuaji, kisha hamishia mkwanguo huo kwenye slaidi na utazame kwa lenzi ya chini. Jike lina urefu wa takribani milimita 0.4, na mara nyingi utaona mayai yake kabla ya kumwona yeye mwenyewe. Zoezi hili halichukui muda mrefu, linathibitisha utambuzi wa ugonjwa, na linakuzoesha kumtazama araknida bila haraka.

Papasi anahitaji subira zaidi. Huyu ni kupe laini anayejificha katika nyufa za sakafu na kuta za udongo, hutoka usiku, hunyonya damu kwa muda mfupi na kurudi mafichoni, kiasi kwamba mwenye nyumba anaweza kuishi naye miaka bila kumwona. Homa ya papasi ina historia inayotuhusu moja kwa moja: mwaka 1904 madaktari P. H. Ross na A. D. Milne, waliokuwa Uganda, walionyesha kwamba papasi ndiye anayeieneza, na Joseph Everett Dutton, aliyekuwa akichunguza jambo hilohilo huko Kongo pamoja na John Lancelot Todd, aliugua homa hiyo na kufariki Kasongo mwaka 1905. Kijidudu kinachosababisha homa hiyo, Borrelia duttonii, kina jina lake. Robert Koch naye, mtafiti wa Kijerumani wa vijidudu vya magonjwa (si yule Ludwig wa Nürnberg), akiwa katika eneo ambalo leo ni Tanzania bara, aliviona vijidudu hivyo ndani ya mayai ya papasi, jambo linaloeleza kwa nini nyumba moja inaweza kubaki na maambukizi hata papasi wazee wakiisha kufa.

Kwa mtafiti wa leo funzo la kwanza ni la maabara. Vijidudu vya homa ya papasi huonekana katika slaidi ya damu ileile iliyopakwa rangi ya Giemsa kwa ajili ya malaria, hasa damu ikichukuliwa wakati homa imepanda. Tangu kipimo cha haraka cha malaria kilipochukua nafasi ya hadubini katika zahanati nyingi, jicho lililokuwa likiviona kwa bahati halipo tena, kwa sababu kipimo kile hujibu swali moja tu. Kwa hiyo mgonjwa mwenye homa inayokwenda na kurudi, ambaye vipimo vyake vya malaria havionyeshi kitu na ambaye analala kwenye nyumba ya udongo au amerudi kutoka safari alikolala kwenye nyumba ya namna hiyo, mpakie slaidi. Akikubali, nenda ukaione nyumba yake mchana, chokonoa nyufa karibu na kitanda kwa kijiti, uchekeche vumbi lake kwenye ungo juu ya kitambaa cheupe. Papasi aliyeguswa hukunja miguu na kufanana na kokoto. Ngoja kidogo, atatembea.

Halafu wapo wanaokuja na kesi isiyo ya buibui kabisa. Mama anaingia, shingoni ana mstari mwekundu wenye malengelenge, anasema, "Daktari, nimekojolewa na buibui." Usimcheke, wala usikubali papo hapo. Muulize kwa heshima: "Pole, mama. Ulimwona?" Mara nyingi hakumwona. Mstari kama huo, hasa baada ya mvua, kwa kawaida ni kazi ya mdudu mwembamba mwenye mapande mekundu na meusi, jamii ya mbawakawa, ambaye akipondwa kwenye ngozi huacha sumu iitwayo pederini. Ngozi huwaka baada ya siku moja au mbili, wakati mtu amekwisha kumsahau. Malengelenge yakifuata mkanda wa upande mmoja wa mwili na kutanguliwa na maumivu, huo ni mkanda wa jeshi. Jipu linaloitwa "kidonda cha buibui" huwa ni jipu. Buibui husingiziwa mengi, na daktari anayewafahamu anawasaidia wagonjwa zaidi kwa kusema ni nani asiyehusika.

Hata hivyo usiandike kwamba hakuna buibui wa kuogopwa. Mjane wa kahawia, Latrodectus geometricus, huishi kando ya nyumba za watu, chini ya viti vya plastiki na kwenye pembe za vyoo vya nje, na unaweza kumtambua kwa mifuko yake ya mayai ya mviringo iliyojaa vijimiba. Kung'atwa naye kwa kawaida huleta maumivu ya mahali hapo. Kwa nge, kanuni ya haraka ni kutazama mwili: mwenye mkia mnene na magando membamba apewe uangalifu kuliko mwenye magando makubwa na mkia mwembamba. Katika kila kesi andika mambo matatu: mnyama alionekana au hakuonekana, aliletwa au hakuletwa, na nani alimtambua. Kesi ambayo mnyama wake hakuletwa haina thamani kubwa kwa mtafiti, hata ikiwa ya kutisha namna gani.

Jambo moja usilifanye. Mwaka 1933 Allan Walker Blair, daktari aliyekuwa akifundisha katika Chuo Kikuu cha Alabama, Marekani, alimwacha mjane mweusi amng'ate kidoleni makusudi ili aandike dalili, na akaishia kulazwa hospitalini akiwa katika maumivu makali mno. Maelezo yake yalisaidia kumaliza ubishi kuhusu sumu ya buibui huyo. Ubishi huo umekwisha. Hakuna sababu ya kuurudia kwa kidole chako.

Chagua kundi dogo

Anayetaka kujua buibui wote wa Kanda ya Ziwa hatamjua hata mmoja vizuri. Jackson alijifungia kwa wale wadogo wa Chester, na jina lake likabaki. Ushauri wangu kwa aliyeko Mwanza ni aanze na buibui warukaji, wale wenye macho mawili makubwa ya mbele wanaogeuka kukutazama ukutani. Hawa hufanya kazi mchana, hawahitaji vifaa vya ghali, na mmoja wao anahusu udaktari kwa namna ya pekee.

Huyo ni Evarcha culicivora, aliyepewa jina la kisayansi mwaka 2003 baada ya kuchunguzwa Mbita, upande wa Kenya wa ziwa hilihili. Ana urefu wa takribani nusu sentimita. Midomo yake haiwezi kutoboa ngozi ya mtu, lakini hupenda damu, na huipata kwa kuchagua mbu jike aliyekwisha kunyonya. Kati ya mbu huwapendelea Anofelesi, waenezaji wa malaria. Ukitaka kuona ustadi wenyewe, mtazame kinda wake akimwinda Anofelesi aliyetua. Mbu huyu hutua akiwa ameinua tumbo juu, na kinda wa buibui, ambaye ni mdogo kuliko mawindo yake, hamvamii uso kwa uso. Huzunguka taratibu, hutokea nyuma, huingia chini ya tumbo lile lililoinuka na kumshika kutoka huko. Nje ya nyumba buibui hawa huvutwa na harufu ya mimea kama mnyonyo na lantana. Usiende na matumaini kwamba watamaliza malaria, kwa sababu hawatamaliza, lakini swali la wapi wanaishi upande wa kusini mwa ziwa, katika nyumba za aina gani na katika miezi ipi, ni swali ambalo tabibu wa zahanati ya kijijini anaweza kulifanyia kazi kwa daftari na vichupa tu.

Wasiopenda warukaji wachukue wale wenye taya ndefu wanaosuka tandabui juu ya maji, kwenye matete na mafunjo. Wadudu wadogo wanapoinuka ziwani kama moshi na upepo ukawasukuma nchi kavu, tandabui hizo hujaa hadi zinalegea. Taa za korido za hospitali nazo huwavuta wadudu hao, na palipo na wadudu buibui hawakosi, kwa hiyo aliye zamu ya usiku ana uwanja wake wa utafiti kwenye ngazi anazopanda kila siku.

Vifaa na kukusanya

Hapa sitakawia. Unahitaji vichupa vyenye vizibo vinavyobana, brashi laini ya rangi, koleo ndogo, tochi ya kichwani, kitambaa cheupe au mwavuli wa kupokelea buibui unapopigapiga matawi, na vikombe vya mtindi vya kufukia ardhini vikiwa na maji ya sabuni. Kwa nge tafuta ile tochi ndogo ya kukagulia noti: mwanga wake huwafanya nge wang'ae rangi ya kijani gizani. Hifadhi vielelezo katika etanoli ya asilimia 70 hadi 80. Kwa uchunguzi wa vinasaba tumia ya asilimia 95 au zaidi. Spiriti yenye rangi iepukwe.

Tochi ivaliwe usawa wa macho, kwa sababu macho ya buibui-mbwamwitu wanaokimbia ardhini hurudisha mwanga, na ukiishika kiunoni hutauona. Kando ya maji vaa gambuti, kwani hakuna haja ya mtaalamu anayewaelimisha watu kuhusu kichocho kurudi nyumbani nacho.

Lililo kubwa kuliko vifaa ni kujulikana. Mtu anayezunguka usiku na tochi, akigeuza mawe na kutia wanyama kwenye vichupa, anaweza kudhaniwa mwizi au, vibaya zaidi, mchawi, na katika vijiji vyetu dhana hiyo si ya mzaha. Nenda kwanza mchana kwa mwenyekiti wa mtaa au mtendaji wa kijiji, eleza unachotafuta, onyesha vichupa, omba kijana wa hapohapo akusindikize, na sungusungu wapewe habari. Wazee wa Kiislamu wengi hawapendi kuona buibui akiuawa, kwa heshima ya kisa cha tandabui kwenye mlango wa pango alimojificha Mtume. Ukiwa nyumbani kwao omba ruhusa, na wakikataa, piga picha tu.

Usitegemee macho yako peke yako. Daktari Vital Brazil, aliyeongoza Taasisi ya Butantan mjini São Paulo tangu ilipoanzishwa mwaka 1901, aliwapata nyoka wake kutoka kwa wakulima: walimtumia nyoka, naye akawarudishia dawa ya sumu, pamoja na fomu ya kujaza taarifa za kila aliyeumwa. Huna haja ya taasisi ili kuiga jambo hilo. Wape wavuvi, walinzi wa usiku na mafundi wa nyumba vichupa vitupu, na kila anayeleta mnyama arudi na jibu: ni nani huyu, ana madhara au hana. Asiyejibiwa haleti tena.

Lebo

Kichupa kisicho na lebo ni sawa na mgonjwa aliyeletwa hana fahamu, hana ndugu na hana faili. Lebo iandikwe kwa penseli kwenye karatasi ngumu na iwekwe ndani ya kichupa, kwenye etanoli pamoja na mnyama, kwa sababu wino wa kalamu ya kawaida huyeyuka na iliyobandikwa nje hubanduka. Iandikwe palepale, siku ileile. Mfano wa lebo inayotosha: "Tanzania, Mkoa wa Mwanza, Wilaya ya Nyamagana, Luchelele, ukingo wa ziwa, kwenye matete, mita 1,135 juu ya usawa wa bahari, 14 Machi 2024, usiku, kwa mkono," ikifuatiwa na latitudo na longitudo kutoka kwenye simu na jina la aliyekusanya. "Mwanza" peke yake haitoshi, kwani ni mji na ni mkoa, na mkoa wenyewe una visiwa. Rangi ya mnyama akiwa hai iandikwe kwenye daftari, maana etanoli huifuta.

Kama mnyama ametoka kwa mgonjwa, lebo isiwe na jina lake wala namba ya faili lake. Weka namba yako mwenyewe, na daftari linalounganisha namba hiyo na mgonjwa likae hospitalini chini ya kufuli.

Kumtambua

Huku ndiko wengi hukata tamaa. Buibui wachache sana hutambulika kwa rangi. Spishi hutenganishwa kwa viungo vya uzazi, yaani kwa dume ncha za vipapasio vyake vya mbele, na kwa jike kibamba kilicho chini ya tumbo. Kwa hiyo kinda hatambuliki hadi kwenye spishi, na aliyepata kinda amfuge: chupa yenye pamba iliyoloweshwa, inzi mdogo mara kwa mara, na subira hadi ajivue ngozi ya mwisho. Daktari ana nafuu moja ambayo wengine hawana. Hidroksidi ya potasiamu ya asilimia 10, ileile inayotumika maabara kutazamia fangasi za ngozi, husafisha kibamba cha jike na kuacha mirija ya ndani ionekane. Kichore unachokiona. Kuchora hukulazimisha kutazama mahali ambapo picha ya simu inakuruhusu kupita.

Majina yahakikiwe katika orodha ya buibui wa dunia inayotunzwa na jumba la makumbusho la Bern, Uswisi, ambayo ni ya bure kwenye mtandao na ina zaidi ya spishi 50,000.

Muda

Martin Lister alianza kutibu watu mjini York mwaka 1670, na mwaka 1678 akachapisha kitabu ambacho sehemu yake moja ni kuhusu buibui wa Uingereza. Alikuwa mtu wa kutazama alipo. Siku moja ya upepo mwanana alipoona buibui wakiruka angani kwa nyuzi zao, alipanda juu ya mnara wa kanisa kuu la York, akawakuta bado wako juu yake. Hakusafiri kwenda popote. Alipanda ngazi za jengo la mji wake.

Ratiba ya daktari wa Mwanza haina nafasi ya safari ndefu, na anayepanga kufanya utafiti "likizo ikifika" hataufanya. Chagua ukuta mmoja, au kipande kimoja cha matete, ukipitie wakati uleule wa siku mara moja kwa wiki, hata kwa nusu saa, mwaka mzima, na uandike pia siku ambazo hukuona kitu. Ukilemewa na wodi, acha kukusanya lakini usiache kuandika. Vichupa vilivyolimbikizwa bila kutazamwa ni mzigo, kwa hiyo usikusanye zaidi ya unavyoweza kuvipitia mwezi huo.

Vibali na mahali pa kuhifadhi

Kabla ya kuanza utafiti rasmi omba kibali cha COSTECH, yaani Tume ya Sayansi na Teknolojia, na kwa wanyamapori uwasiliane na TAWIRI, taasisi ya utafiti wa wanyamapori. Kisiwa cha Saanane na Rubondo ni hifadhi za taifa, kwa hiyo hata jiwe moja lisigeuzwe huko bila idhini ya TANAPA, wasimamizi wa hifadhi za taifa. Ukitaka kutumia taarifa za wagonjwa, pitia kamati ya maadili ya utafiti ya hospitali au chuo chako, na kwa ngazi ya taifa NIMR, taasisi ya taifa ya utafiti wa magonjwa ya binadamu. Daktari anayeandika kuhusu wagonjwa wake bila idhini hiyo anafanya kosa, hata akiwa ameficha majina. Kupeleka vielelezo nje ya nchi kuna kibali chake peke yake.

Mkusanyiko wako usife nawe. Tangu mwanzo gawanya vielelezo: sehemu ibaki nchini, katika chuo kikuu chenye idara ya zoolojia, na sehemu, kwa makubaliano ya maandishi na vibali kamili, iende kwa wataalamu kama wale wa makumbusho ya Tervuren, Ubelgiji, yenye mkusanyiko mkubwa wa buibui wa Afrika. Ukimpata buibui asiyelingana na maelezo yoyote, usimpe jina. Tafuta dume na jike waliokomaa kutoka mahali palepale, wachore, waandikie lebo mbili zinazofanana, kisha umwandikie mtaalamu wa familia hiyo ukimwambatishia michoro kabla ya kumtumia mnyama mwenyewe.